Mama Alipojisusa

Mama yangu alikuwa somo. Kwetu Takaungu, msichana akiposwa hukabidhiwa mwanamke mtu mzima amfunze mambo ya nyumba na ya mwili wake, na mwanamke huyo ndiye somo. Mama aliwasinga kwa manukato wanawali wengi wa mji ule, akawafunza kujisafisha, kujifukiza udi, kukaa na waume zao. Yeye mwenyewe alikuwa mtu wa maji. Alioga alfajiri, akaoga tena mchana, na kabla ya magharibi ungemsikia bafuni akijimwagia. Leso zake zilikaa sandukuni pamoja na maua makavu ya asumini. Nilipokuwa mtoto nilijua mama yumo chumbani kabla sijamwona.

Baba alifariki ule mwaka wa ukame tuliokula unga wa njano. Mama akakaa eda kama ipasavyo mjane, miezi minne na siku kumi, ndani, bila manukato wala mapambo. Mimi nilikuwa nimeolewa Malindi. Mume wangu alikuwa dereva wa lori, siku nyingi yuko njiani, nami nilikuwa na watoto wawili wa shule na nikishona kofia za mkono nyumbani. Siku ya kumtoa mama eda nilikuja Takaungu. Wanawake walichota maji wakatia mrehani, wakamwogesha, wakamvika leso mpya. Alitulia mikononi mwao. Watu wakala, wakatawanyika, nami siku ya pili nikarudi Malindi kwa watoto.

Nilipokwenda kumtazama tena ilikuwa Shaabani, watu wanajitayarisha na mwezi. Nilimkuta amekaa ukingoni mwa kitanda, dirisha limefungwa.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Watoto hawajambo?"

"Hawajambo. Mama, leso hii si ile tuliyokuvika siku ile?"

"Ndiyo hii. Haijararuka."

"Umeoga leo?"

"Nitaoga kesho."

Hakuwa amepotewa na akili. Alijua mwezi umeandama lini, alijua nani kaposwa na nani, aliniuliza mume wangu yuko safari gani. Lakini jambo lolote lililogusa mwili wake alilijibu kwa kesho. Nywele atasuka kesho. Kucha atakata kesho. Nilifungua dirisha, nikafagia, nikafua mashuka. Alinitazama kwa adabu, kama mtu anayemtazama mgeni akisafisha nyumba ya jirani.

Nyumba ya pili kutoka yetu alikaa rafiki yake, bibi mmoja waliyesoma naye chuo cha Kurani wakiwa watoto. Ndiye aliyekuwa akimletea chakula kila mchana. Alinivuta uani tukasimama karibu na kisima.

"Mama yako amejisusa," akaniambia.

"Amesusa nini, bibi?"

"Sikusema amesusa kitu. Nimesema amejisusa. Namletea chakula anakula matonge mawili, sahani inarudi imefunikwa kawa yake. Nilimwambia nimsuke, akanifungia mlango kwa komeo. Mimi! Na kitanda kimoja tumelala tangu wadogo."

Kususa nakujua. Mtoto hususa chakula kwa kumkasirikia mamake, na mamake huenda akambembeleza mpaka akafungua mdomo. Mama alikuwa amejisusa yeye mwenyewe, na sikumwona mtu wa kuendewa akabembelezwa, maana aliyesusa na aliyesusiwa walikuwa mmoja. Watu walisema mengi. Wako waliosema ni jini, wako waliosema ni husuda ya wale aliowashinda katika kazi yake, na wako waliosema ni uzee tu, ingawa hakuwa mzee hivyo. Mwalimu wa chuo aliitwa akaja akamsomea. Mama akaitikia amina kila palipotakiwa, na mwalimu alipoondoka akabaki vilevile.

Mara moja nilijaribu kwa nguvu. Nilijaza ndoo, nikaiweka bafuni, nikaja nikamshika mkono nikamwinua. Hakupigana nami. Alisimama, mkono wake umelegea ndani ya mkono wangu, akasema, "Mwanangu, mwili huu ni wangu. Simkosei mtu."

Nikauachilia ule mkono. Maji nikayamwaga sakafuni nikapiga deki.

Kisha akajikata mguu. Mbuzi ya kukunia nazi ilikuwa imeanguka jikoni, naye akaikanyaga meno gizani humo mwake, maana madirisha hakuyafungua tena. Akafunga kitambaa akakaa kimya. Yule rafiki yake ndiye aliyenusa kidonda, akatuma mtu kwa mdogo wangu wa kiume aliyekuwa akiishi Kilifi, na mdogo wangu akaniletea habari Malindi. Tulipokutana Takaungu kitambaa kilikuwa kimeshikana na nyama. Tulikiloweka kwa maji ya chumvi, na wakati tukikibandua mama alikuwa akitazama ukuta.

"Haiwezekani," alisema mdogo wangu. "Mama hawezi kuoza nasi wanawe tu hai. Nitamchukua kwangu."

Mimi nilikuwa na mume asiyekaa nyumbani. Yeye alikuwa na mke. Ndivyo tulivyopima, na hakuna aliyeona ubaya. Mama hakusema ndiyo wala la. Walimpandisha gari, wakavuka kwa feri, na majirani wakasema alhamdulillahi. Usiku ule nililala vizuri kuliko siku nyingi zilizopita.

Mdogo wangu alikuwa karani katika duka la jumla pale Kilifi. Alipanga nyumba ya vyumba viwili, na nyuma palikuwa na ghala ndogo iliyotumiwa kuwekea magunia. Watoto walikuwa watano, wa mwisho bado ananyonya. Wifi yangu alikuwa mwanamke wa milima ya Rabai, aliyesilimu alipoolewa. Mchapakazi, mwenye kicheko kilichosikika mpaka barabarani. Mama alikuwa akimpenda. Alisema huyu ndiye aliyefanya kazi ya kumfunza ikawa nyepesi, maana alikuja na mafunzo ya kwao tayari.

Miezi ya kwanza mambo yalikwenda. Kidonda cha mguu kilikauka. Wifi alimwogesha mama kwa maneno matamu na mama hakukataa sana. Lakini mama hakutaka kutembea. Alilala tu. Alilala mpaka magoti yakakaza, na siku moja wakajaribu kumsimamisha wakakuta hawezi tena. Siku yenyewe hakuna aliyeijua. Aliyekuwa hataki akawa hawezi, na sisi tuliendelea kusema hataki, kwa kuwa lile ndilo neno tulilolizoea.

Kila nilipokwenda Kilifi nilipeleka salamu kwanza, na kila nilipofika nilimkuta mama sebuleni, ameketishwa kitini, amevikwa gauni safi, mto nyuma ya mgongo. Alikuwa akikonda. Nikiuliza, mdogo wangu alisema, "Hali chakula vizuri, dada, lakini yuko sawa." Mama akiulizwa alisema hajambo. Nilikunywa chai, nikapanda basi.

Siku moja mfanyabiashara wa Kilifi alitaka kofia kwa haraka kwa ajili ya harusi, nikazipeleka mwenyewe bila kutanguliza habari. Nilipomaliza nikapitia kwa mdogo wangu. Ilikuwa asubuhi, jua limeshapanda. Nilipiga hodi, kimya. Nikazunguka uani. Sebuleni hapakuwa na mtu, na mlango wa ghala ulikuwa umetiwa kufuli kwa nje. Ndani mtu alikohoa.

Nilisimama pale. Nakumbuka kuku alikuwa akiparura karibu na miguu yangu, nami nikamtazama yule kuku.

Wifi akatokea, anatoka bombani, debe la maji kichwani na mtoto mgongoni. Aliponiona akasimama. Akatua debe polepole, maji yasimwagike. Kisha akafungua fundo la leso yake, akatoa ufunguo, akanipa.

Ndani mlikuwa na magunia na kitanda cha kamba. Mama alikuwa amelala ubavu mmoja, uso umeelekea ukutani. Harufu sitaieleza. Chini palikuwa na sahani ya ugali uliokauka, sisimizi wamejipanga, na kikombe kitupu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba," alisema bila kugeuka. "Maji."

Nilichota kwenye debe nikamnywesha. Alikunywa mpaka maji yakamtiririka shingoni, akapumua, akanywa tena. Nilipomgeuza nikaona nyonga yake. Kidonda kilikuwa kikubwa kama kisahani cha kikombe, na katikati yake palikuwa peupe. Ilinichukua muda kuelewa kuwa ule weupe ni mfupa.

Watu huniuliza kama nilipiga kelele. Sikupiga. Kitu fulani ndani yangu kilizimika, na nilichofikiri wakati ule ni kwamba nimeacha mfuko wangu mlangoni na mbuzi wa watu wataula. Nilitoka nikauchukua. Nikarudi.

Wifi alikuwa amekaa kizingitini, anamnyonyesha mtoto.

"Sijapata kumpiga," alisema.

"Najua."

"Nikimpa maji mengi anajikojolea, na godoro lile moja lilioza nikalitupa. Nikawa nampunguzia. Nikitoka namfungia, maana mara moja alijikokota mpaka hapo uani juani, watoto wa watu wakaja kumtazama. Ndugu yako akaniuliza nilikuwa wapi. Nilikuwa bombani."

"Na yeye mwenyewe huingia humu?"

"Husimama mlangoni kabla ya kwenda kazini. Husema, mama hujambo. Mama husema, sijambo. Basi, akaenda zake."

Nilimtazama wifi yangu, nadhani kwa mara ya kwanza tangu mama ahamie kwake. Mifupa ya mabega ilikuwa imechomoza. Leso ilikuwa imemteleza kichwani, nywele zake zimeshikamana kama nilivyoziona za mama kule Takaungu. Titi moja lilikuwa jekundu na limevimba. Mtoto akilivuta, yeye alikaza meno, na hakumtoa.

"Titi hili limekuwa hivi tangu lini?"

Akaliangalia. "Sijui, wifi."

"Umelionyesha hospitali?"

"Nani atabaki na hawa?"

Sikuwa na hasira naye. Nilingoja hasira ije, nikaona haiji. Nilichemsha maji, tukamwosha mama mimi na yeye, tukitazamana juu ya mwili ule, na alijua kumshika vizuri kuliko mimi.

Mdogo wangu alikuja adhuhuri. Aliponiona ghalani alisimama mlangoni, kama alivyozoea.

"Ingia," nikamwambia.

"Dada, nilikuwa..."

"Ingia tu, ndugu yangu."

Akaingia. Nilifunua nguo nikamwonyesha. Alitazama kidogo, akatoka, akakaa chini uani na suruali yake ya kazini. Baadaye akasema, "Alikuwa akiniambia hajambo. Kila siku alisema hajambo." Hakusema kwa kujitetea. Alisema kama mtu anayetafuta kitu alichokuwa nacho mkononi sasa hivi.

Nilimpeleka mama hospitali huko Malindi. Muuguzi wa wodi ile alikuwa mwanamke wa bara, Kiswahili chake kifupi na cha moja kwa moja. Alisafisha kidonda, na mama hakulia.

"Nani alikuwa anamtunza huyu?" akaniuliza.

"Sisi, sista."

"Sisi ni nani? Nataka mtu."

Yeye akaendelea na pamba yake. Aliponiona sijibu alisema kwa sauti ya chini kuliko ya kwanza, "Mtu wa kitandani hivi si wa mtu mmoja. Mmoja atachoka. Akichoka atasahau. Akisahau utaniletea kidonda kingine, na labda utaniletea na yeye."

Nilimweleza mwanzo wake, Takaungu, leso, kesho. Alisikiliza.

"Angeletwa wakati ule," alisema. "Alipoanza kukataa kuoga. Mtu msafi akiacha kujitunza ghafla, huo nao ni ugonjwa. Hamkujua?"

Hatukujua. Tulijua homa, tulijua jini, tulijua uvivu. Mama alikuwa amefunga mlango kwa ndani, tukauheshimu. Baadaye akafungiwa kwa nje, na kwa mbali mlango uliofungwa ni mlango uliofungwa tu, huwezi kujua komeo liko upande gani mpaka uusukume.

Baada ya hospitali nilimweka nyumbani kwangu. Yule muuguzi alinifunza kumgeuza, kumkausha, kuweka mto baina ya magoti, kumnywesha kidogo kidogo kila mara badala ya kumnyima. Nilifuata adhana, kila muadhini aliponadi nilimgeuza, na kati ya adhana na adhana nilimgeuza tena. Uji, kitambaa, maji, dawa ya zambarau, mashuka. Kidonda kikaanza kuwa chekundu kwa kingo zake, ambayo ni dalili njema. Nilikiona, nikajiambia hii ni dalili njema, na sikufurahi. Sikuhuzunika vilevile. Watoto waliporudi na pakiti zao za maziwa ya shule waliniambia habari za darasani, nikaona midomo yao ikienda. Kofia ziliacha kushonwa. Chakula nilikula nikiwa nimesimama, mabaki ya uji wa mama, kwa kijiko chake, wala sikusikia ladha yake.

Mume wangu aliporudi safari moja alikaa akinitazama nikipita na beseni.

"Mke wangu," alisema, "gauni hili ulikuwa umelivaa nilipoondoka."

"Nitabadilisha kesho."

Nilifika nalo lile beseni mpaka uani ndipo nikasikia nilichosema. Nilisimama na maji machafu mkononi. Sikuogopa, hata hivyo. Niliona tu kuwa ni kweli, kama unavyoona mvua imeanza.

Yeye hakuniambia zaidi. Safari iliyofuata alipitia Kilifi, na alipokuja lori lilisimama nje, na kutoka mbele akashuka wifi yangu na mtoto wake mdogo. Titi lake lilikuwa limetibiwa. Alikuwa amejifunga leso safi, lakini alisimama nje ya mlango kama mtu asiyejua atapokewaje.

"Hodi."

Nilichelewa kumjibu. Sikujua kama namtaka ndani.

"Karibu," nikasema mwisho.

"Nimekuja kumwomba mavyaa radhi," alisema. "Na wewe nimekuja kukupumzisha. Wale wakubwa wamebaki na baba yao. Nimemwambia apike."

Aliingia chumbani kwa mama, akapiga magoti karibu na kitanda. Nilisimama nyuma yake.

"Mavyaa, nisamehe."

Mama alimtazama. Macho yake yalikuwa mazima siku zote, hilo nilitaka kulisema.

"Ulikuwa umechoka," alisema mama. "Nilikuwa nikikusikia ukilia jikoni. Nami nilikuwa mzito." Kisha akasema, "Mtoto huyu amekua. Mlete nimwone."

Nililala siku ile tangu mchana mpaka asubuhi ya pili. Nilipoamka wifi alikuwa amekwisha kumgeuza mama, amefua, na maji yangu ya kuoga yako tayari uani. Aliniosha nywele yeye mwenyewe, akazichambua kwa mafuta ya nazi kwa subira, maana zilikuwa zimefungamana. Nilikaa kati ya magoti yake nikamwachia kichwa. Alikuwa yule yule aliyemfungia mama yangu ghalani, na nilikuwa nikijua hivyo wakati vidole vyake vikipita kichwani mwangu. Mambo yote mawili yalikuwa kweli, na hakuna lililolifuta jenzake.

Tangu hapo tulimgawana mama, au tuseme tuliigawana kazi, maana yeye alibaki palepale kwangu. Wifi alikuja sehemu ya kila mwezi. Yule rafiki wa Takaungu alikuja akakaa nasi siku nyingi kwa wakati mmoja, akimsimulia mama habari za mji. Mdogo wangu alikuja Ijumaa baada ya sala. Mwanzoni alikaa kwenye kiti karibu na mlango. Nikamwekea bakuli la uji mkononi na kijiko. Kijiko alikijaza mno, uji ukamwagikia mama kidevuni, na mama akasema, "Baba yenu naye hakujua kulisha." Ndiyo mara ya kwanza kumtaja baba tangu eda. Kuanzia siku ile mdogo wangu alimlisha, na kucha za mama alizikata yeye, mikono na miguu, ameinama, miwani imeshuka puani.

Mama hakurudi kuwa alivyokuwa. Siku nyingine alikubali kuogeshwa, siku nyingine alisema kesho. Tulijifunza naye. Akikataa asubuhi tulimwacha, tukamuuliza tena baada ya adhuhuri. Tulimpa kitambaa chenye maji ya moto ajipanguse uso na mikono mwenyewe, na mara nyingi akishajipangusa uso alituachia vilivyobaki. Hatukumkamata tena kwa nguvu, na hatukumwachia moja kwa moja. Baina ya hayo mawili pana njia nyembamba, nasi tulipita humo kila siku, tukikosea, tukirudi.

Siku moja tulikuwa wawili tu, namchana nywele. Nikamuuliza lile ambalo sikuwahi kumuuliza.

"Mama, kwa nini uliacha kuoga?"

"Sikuacha."

"Ulikuwa huogi, mama."

Alifikiri. "Ndoo ilikuwa hapa," alisema, akanyoosha mkono pembeni ya kitanda, "nami naiona mbali. Kila siku naiona mbali zaidi. Nikasema, kesho itakuwa karibu."

"Mbona hukutuambia?"

"Ningewaambia nini? Kwamba naona ndoo iko mbali?"

Nikaendelea kumchana.

Aliishi akafunga nasi kwa nia Ramadhani mbili, ingawa hakuweza kufunga kwa mwili. Kidonda kilibaki kovu jeusi. Kipupwe cha mwaka wa mwisho kikamwingia kifuani, akakohoa siku chache, na asubuhi moja nilipokwenda kumgeuza nikamkuta ameshakwenda. Tulimwosha watatu, mimi, wifi, na rafiki yake wa Takaungu. Nilimtazama mwili mzima, kwa mazoea, kama kuna mahali pamekuwa pekundu. Hapakuwa na mahali. Wanaume wakamchukua wakaenda kumzika Takaungu, karibu na baba.

Watu walinishika mikono wakaniambia, umemtunza mama yako, una radhi zake. Niliwaitikia. Ilikuwa kana kwamba wanamzungumzia mwanamke mwingine wa mtaani. Machozi hayakuja siku ile wala siku ya khitima. Nilihofu kidogo kuwa hayatakuja kabisa, kisha nikaacha kuhofu. Nilirudia kofia zangu. Adhana zilipolia mikono yangu iliondoka kwenye sindano ikitaka kwenda kugeuza mtu.

Miezi ilipopita wifi alinialika Kilifi. Alikuwa amepika papa na wali wa nazi, na kachumbari pembeni. Tulikula uani mimi na yeye, watoto wako shuleni, yule mdogo sasa anakimbizana na kuku. Tuliongea habari za bei ya nazi na za dada yake wa Rabai aliyejifungua pacha. Nilikuwa na tonge mdomoni, moto ukaniwaka ghafla ulimi mzima mpaka masikioni.

"Wifi," nikasema, "pilipili hii kali."

"Ni ileile ya siku zote," alisema, akanisogezea gilasi.

Nikanywa, pua inatiririka, machozi yananilenga, nikatia mkono sahanini nikakata tonge jingine.